Siku Arobaini za Joto

Nilishuka kwenye basi saa saba mchana, tarehe kumi na nne Agosti, siku ya pili ya sikukuu ya kuwapokea wafu wanaorudi kutembelea nyumba zao. Nilikuwa na begi moja, mwavuli wa jua, na kurasa thelathini na mbili nyeupe ambazo mhariri wangu alizitaka zijae kabla mwezi haujaisha.

Kwa miaka miwili nilikuwa nikichora katuni iliyotoka kila mwezi katika jarida la wasichana. Jina lake lilikuwa Siku Arobaini za Joto. Ilihusu binti na kijana wa miaka kumi na tisa, kiangazi kimoja katika shamba la mapeasi, mapenzi yao ya kwanza, na ahadi ya kutoroka pamoja kwa treni siku ya mwisho ya Agosti. Wasomaji waliniandikia barua kwa mamia. Tafadhali, dada Yonehara, usimwache binti peke yake pale stesheni. Wengine walikuwa wametia machozi kwenye karatasi, au maji, lakini mimi niliyaamini kuwa machozi.

"Imebaki sura moja, Fumie," mhariri aliniambia kwa simu wiki ile. "Kijana anatokea au hatokei?"

"Sijui."

"Hujui vipi? Mwenye hadithi si wewe?"

"Ndiyo ni mimi. Lakini sijui."

Nilikuwa nasema kweli tupu. Binti wa kwenye katuni alikuwa mimi. Kijana alikuwa Eisaku Tanimoto, mtoto pekee wa mzee Tanimoto mwenye mapeasi. Miaka minane iliyopita nilimngoja pale stesheni mpaka treni ya saa kumi na dakika kumi na mbili ilipoingia, nikapanda peke yangu kwenda Tokyo. Hakuniandikia. Na mimi, kwa kiburi cha mtu aliyeachwa, sikumwandikia.

Kwa hiyo nilipoanza kuchora, pengo lile nililijaza kwa akili yangu. Nilimchora mama yake, mwanamke mwenye uso mkavu na mapengo mawili mdomoni, akimtia mwanawe kwenye ghala la nyuma na kumfungia kwa ufunguo mkubwa kama jembe. Nilimchora vizuri mno. Nilimchora mpaka nikamwamini.

Katika mji wetu ule mdogo sikuwa na mtu tena. Baba yangu, aliyekuwa mlinzi wa shule, alikuwa ameshalala makaburini. Nilimwoshea jiwe lake, nikamwekea maua na sigara moja, kisha nikapanda kilima kwenda kwa akina Tanimoto.

"Hodi! Hodi hapa!"

Hisano, mama yake Eisaku, alikuwa kwenye baraza ya mbao, ungo wa maharage mabichi mapajani. Aliniona. Mikono yake haikusimama.

"Shikamoo, mama," nikasema, nikainama mpaka nikaona vidole vyangu vya miguu.

Hakuitikia. Alikonyoa maharage mawili, matatu, akayatupia ndani ya ungo.

"Umenenepa," akasema. "Kwenye ile katuni yako umejichora mwembamba kama unyasi."

"Mama, mimi—"

"Na mimi umenichora kibogoyo. Hebu nitazame." Akafungua mdomo wote, akaugeuzia kwenye mwanga. "Hesabu. Nina miaka sitini na moja, na yote ni yangu, hakuna hata moja la duka. Unajua wananiitaje hapa mjini? Nikienda ushirika kununua mbolea? Mama Ufunguo. 'Mama Ufunguo, leo umemfungia nani?' Wanacheka, na mimi nacheka nao. Mtu mzima akichekwa akinuna, si ndiyo anachekesha zaidi?"

"Ile ni hadithi tu, mama."

"Hadithi gani yenye ndoo yangu? Umechora mpaka ule ufa! Ndoo ile pale, itazame, inaona aibu." Kweli ndoo ya bluu ilikuwa pale pale chini ya bomba, na ufa wake. "Mwezi wa sita mkwe wangu mtarajiwa alikuja, akakaa hapo hapo ulipo. Akaniuliza kwa adabu zake zote, eti katika nyumba hii watu hufungiwa?"

"Mkwe?"

Hapo mikono yake ndipo iliposimama.

"Hukuambiwa," akasema polepole. "Nani angekuambia. Eisaku anaoa mwezi wa kumi, mapeasi yakiisha. Binti wa akina Adachi, Mitsuyo. Mwalimu wa chekechea. Mtoto mzuri, sina la kusema."

Nyenze walikuwa wanalia kwenye miti yote kwa wakati mmoja, na kwa kitambo nilisikia wao tu. Nilikuwa nimejiandaa kwa matusi. Nilikuwa nimejiandaa hata kumwagiwa maji. Kwa hili sikuwa nimejiandaa.

"Njoo ukae, jua litakuua," mama akasema. Akanimiminia chai baridi ya shayiri. "Kunywa. Simpi chai mtu ninayemchukia, kwa hiyo usiogope."

Nilikunywa. Halafu nikauliza lile nililolifuata.

"Mama, tarehe thelathini na moja, mwaka ule. Ulimzuia?"

Alinitazama muda mrefu. Uso wake haukuwa mkavu hata kidogo. Nilikuwa nimeukosea kuanzia kwenye nyusi.

"Nilijua tangu Julai," akasema. "Mama gani asiyejua? Mtoto anakula huku anacheka na bakuli. Baba yake, Mungu amrehemu, alitaka kumvunja mguu. Mimi nikamwambia, mwache. Mimi nililetwa kwenye shamba hili na miaka ishirini, hakuna aliyeniuliza kama napenda mapeasi. Nikasema, wacha atoke mmoja. Asubuhi ile nikaamka nikapika wali. Nikafinyanga matonge sita, kila moja na plamu ya chumvi ndani. Matatu yake, matatu yako. Nikamtilia kwenye kisanduku, nikamsindikiza mpaka pale getini. Nikamwambia nenda, usigeuke."

"Akaenda?"

"Akaenda. Saa moja jioni akarudi. Nikamuuliza, msichana yuko wapi? Akasema treni imeondoka. Nikafungua kisanduku, kitupu. Nikamuuliza, na wali? Akasema, 'Nimekula, mama.' Yote sita."

Sikujua nicheke au nilie. Mdomo wangu ulijaribu vyote viwili.

"Alikuwa wapi mchana kutwa?"

"Muulize mwenyewe, yuko shamba la juu. Mimi miaka minane sijamuuliza. Niliogopa jibu." Akaurudisha ungo mapajani. "Lakini sikia, mwanangu. Siku ile nilikupa mwanangu kwa mikono miwili. Leo simtoi. Tumeshakunywa pombe ya ahadi na watu wa Adachi. Ukienda kule juu, nenda kuuliza. Usiende kuchukua."

*

Matawi ya mapeasi huko kwetu hulazwa juu ya waya, yakawa dari ya majani, na anayepita chini yake huinamisha kichwa. Mimi ni mfupi, kwa hiyo nilipita wima. Kila tunda lilikuwa ndani ya mfuko wake wa karatasi, maelfu na maelfu, na mwanga ulioshuka ulikuwa wa kijani kama wa chini ya maji. Kiangazi kile tuliifunga mifuko hiyo pamoja, yeye mti huu, mimi mti ule, mpaka mikono yetu ikakutana kwenye tawi moja.

Alikuwa juu ya ngazi fupi, taulo shingoni, akichungulia ndani ya mfuko mmoja. Mabega yalikuwa yamepanuka. Shingo ilikuwa imeungua na jua palepale ilipokuwa ikiungua zamani, chini ya sikio la kushoto.

"Fumi," akasema. Hakushtuka, kana kwamba aliniona kila siku.

Hakuna mwingine duniani aliyeniita hivyo.

"Umekonda," akasema.

"Mama yako amesema nimenenepa."

"Mama hana miwani."

Tukacheka wote wawili. Kicheko kile kiliniuma kuliko kilio, kwa sababu kilitoka bila kusukumwa, kama vile miaka minane ilikuwa wikiendi.

"Umeisoma?" nikamuuliza.

"Yote. Namba zote ishirini na tatu. Ziko bandani, chini ya masanduku."

"Basi unajua nimekuja kuuliza nini."

Alishuka kwenye ngazi. Akavua glavu moja, akaikunja, akaikunjua.

"Nilikuwa kwenye kivuko cha reli," akasema. "Pale chini ya shule. Nilikuona ukipita. Ulikuwa na shati jeupe, umekaa dirisha la upande wa mlima. Ulikuwa unafuta uso na kofia."

"Uliniona." Sauti yangu sikuijua. "Nani alikuzuia?"

"Hakuna."

"Baba yako?"

"Alikuwa amelala."

"Basi nini, Eisaku? Nini?"

"Nilitoka mapema mno. Nikakaa kwenye majani nipumzike, nikafungua kisanduku nile tonge moja tu. Nikawa nawaza, huyu atakuwa mchoraji mkubwa. Mimi huko nitakuwa nani? Nitabeba karatasi kwenye kiwanda cha chapa, nirudi kwenye chumba kidogo cha upana wa mikeka minne nimkute ananionea aibu. Nikala la pili. Nikajiambia, nikimaliza hili nanyanyuka. La tatu hivyo hivyo. Kila moja nilijiambia hivyo hivyo, Fumi. Kengele ya kivuko ilipolia, nilikuwa na la sita mdomoni."

Nilimpiga. Nilimpiga kifuani kwa ngumi, mara moja, halafu nikauonea haya mkono wangu.

"Miaka minane nimemchukia mama yako!"

"Najua."

"Mji mzima unamwita Mama Ufunguo! Ukasoma mwezi hadi mwezi, ukanyamaza?"

"Nikanyamaza."

"Kwa nini?"

Akatazama chini. Alipoanza kusema, alisema kwa sauti ya mtu anayeungama.

"Kwa sababu yule kijana wako alinishinda. Yeye alifungiwa. Alipiga mlango mpaka mikono ikatoka damu, akiita jina lako. Nilipokuwa nikimsoma pale bandani, nilikuwa yeye. Nilipenda sana kuwa yeye. Ningesema kweli, ningebaki na huyu."

Nilitaka kumwona mdogo, nikashindwa. Nilimwona tu Eisaku, na jasho kwenye kope zake, na ile namna yake ya kusimama amelalia mguu mmoja. Mwili haujui kukasirika inavyopaswa. Wangu ulikuwa unamtaka bado.

"Ulinipenda?"

"Nilikupenda. Nakupenda sasa hivi. Ni aibu kusema, lakini ni hivyo."

Na mimi, ambaye nilikuwa nimeambiwa niende kuuliza tu, nikasema:

"Basi twende. Leo. Treni ile ya saa kumi na dakika kumi na mbili bado ipo, nimeiangalia kwenye ratiba. Una saa nzima na zaidi. Usibebe kitu. Twende hivyo hivyo ulivyo, na taulo lako."

Aliinua mkono, ule usio na glavu, akauleta mpaka karibu na shavu langu. Nililisikia joto lake. Macho yake yalikuja yote, hayakubaki nyuma hata kidogo, na kwa muda wa pumzi moja niliona kwamba anakuja, kwamba mwishowe huyu mtu anakuja. Nikasahau akina Adachi, nikasahau na yule mama na ungo wake.

Kisha macho yakanipita, yakaenda kwenye mti ulio nyuma yangu.

"Fumi," akasema, "wiki ijayo tunaanza kuchuma."

Nikafumba macho. Ningekubali ndiyo, ningekubali na hapana. Alinipa ratiba ya mapeasi.

"Sema hapana," nikamsihi. "Niambie hapana kwa mdomo wako nipate kwenda zangu."

"Siwezi."

"Basi sema ndiyo."

"Siwezi, Fumi."

Tulikuwa tumesimama hivyo, mkono wake bado uko hewani kama wa mtu anayepima urefu wa mtoto, tuliposikia honi huko chini. Pikapu ndogo nyeupe ilikuwa imesimama kwenye njia ya shamba. Mwanamke aliyevaa kofia pana ya nyasi alishuka, amekumbatia tikiti maji.

"Eisaku! Njoo unipokee, zito hili!" Kisha akaniona. "Ah, una mgeni?"

"Ni mteja," Eisaku akasema. "Anaulizia mapeasi ya kutuma Tokyo."

Neno hilo alilitoa haraka, safi, bila kugugumia. Mara ile hakuchelewa.

Niliinama. "Ndiyo, dada. Lakini naambiwa bado hayajaiva."

Mwanamke yule alinitazama, akamtazama yeye, akatazama ile glavu moja iliyoanguka chini. Alikuwa na uso wa mviringo, mpole, wenye madoa ya jua puani. Akampa Eisaku tikiti.

"Basi la stesheni limeshapita," akaniambia. "Jingine ni saa kumi na moja. Panda, nikupeleke."

"Mitsuyo, si lazima—" Eisaku akaanza.

"Wewe peleka tikiti likapoe kisimani," akasema, na akanifungulia mlango.

Sikumuaga. Nilipotazama nyuma alikuwa amesimama chini ya ile dari ya majani, amelikumbatia tikiti kwa mikono miwili, kichwa ameinamisha, maana yeye ni mrefu.

*

Tulishuka kilima, tukavuka daraja. Madirisha yalikuwa wazi na upepo uliingia wa moto, unanuka mpunga.

"Dada Yonehara," akasema.

Nikaruka kwenye kiti.

"Picha yako ilitoka kwenye jarida, namba ya Januari," akasema, macho barabarani. "Na mimi ni mwalimu wa chekechea. Wanaonidanganya kila siku wana miaka minne, na wote wanamshinda yeye."

"Nisamehe."

"Mimi hununua nakala mbili. Moja yangu. Nyingine yake, yeye anaona haya kuingia dukani kununua jarida la wasichana. Aliniambia ni ya binamu yake. Hana binamu." Akabadili gia. "Huu mwezi wa ishirini na tatu namnunulia. Kila nikimpa nasema moyoni, leo ataniambia. Anasema asante, anaenda bandani."

Tulipita kando ya shule, tukapita kivuko cha reli. Mitsuyo alisimamisha gari kama sheria inavyotaka, akatazama kushoto, akatazama kulia, akaendelea.

"Kwenye sura ya mwisho," akauliza, "atatokea?"

"Hapana."

"Kwa sababu ya mama?"

"Hakuna atakayemzuia. Mama nitamchora akimfinyangia wali. Na meno yake yote."

Akaitikia kwa kichwa. "Hilo vizuri. Mama ni mtu mwema, wanamwonea." Kisha akasema, "Wasomaji watalia."

"Watalia."

"Na mimi nilikuwa nataka atokee. Unaniona mjinga? Mchumba wake mwenyewe, nikifungua ukurasa naomba, toka, kimbia, mfuate msichana wako. Nilijiambia, akiweza kutoka kwenye katuni, basi ninaolewa na mtu ambaye angalau moyo wake uliwahi kwenda mahali."

"Mitsuyo, mbona unakubali?"

"Nampenda." Alisema hivyo kama mtu anavyotaja ugonjwa wa familia. "Na mimi sihitaji aje stesheni, dada. Mimi ndiye ninayekwenda kwake. Nitamkuta pale pale." Akacheka, akashika ncha ya taulo lililokuwa shingoni mwake akajifuta macho, gari likayumba kidogo. "Mtu asiyekwenda popote, angalau hakuachi. Si ndiyo?"

Alikuwa anangoja nimjibu. Nilimwona kwa pembeni anavyongoja, mikono yote miwili kwenye usukani, kama mtoto aliyeuliza kama kutapambazuka. Nilikuwa nimelijua jibu kwa miaka minane. Nilikuwa nimeachwa na mtu ambaye hakusogea hata hatua moja.

"Ndiyo," nikamwambia.

Stesheni ilikuwa tupu, watu wako majumbani na wafu wao. Aliniteremshia begi, akanipa na mwavuli wangu.

"Usirudi tena, dada," akasema. "Nakuomba. Si kwa ubaya."

"Sirudi."

Alirudi garini lakini hakuondoka. Alikaa mle, injini inanguruma, mimi nikakaa kwenye benchi, kila mmoja upande wake wa uzio. Tulikaa hivyo karibu nusu saa. Hatukutazamana. Mara mbili nilisikia pikipiki ikija barabarani, na mara zote mbili, Mungu anisamehe, niliinua shingo. Na nilipoinua niliona na kofia yake ya nyasi imeinuka.

Saa kumi na dakika kumi na mbili treni iliingia. Nilipanda, mlango ukafungwa, na Mitsuyo akatoa mkono dirishani akanipungia. Hakukuwa na mtu mwingine wa kunipungia.